MPIGA PICHA ZA SINEMA NA KAZI YAKE

Kijana wa Gatongora, upande wa Ruiru, akiwaambia wazee wake kwamba ataka kuwa mpiga picha za sinema, tena asiye mwajiriwa wa mtu, si ajabu wakamwuliza: "Je, hiyo nayo ni kazi?" Jibu laonekana katika maisha ya marehemu Bwana Mohamed Amin.

Alizaliwa Nairobi mwaka 1943. Alianza kupiga picha angali mwanafunzi huko Dar es Salaam, na mwaka 1963 akaanzisha kampuni yake mwenyewe, Camerapix. Hakungoja mshahara wa mwezi. Alikwenda penye habari, akapiga picha, kisha akaziuza ng'ambo.

Kazi hii si kubonyeza kitufe tu. Mpiga picha hubeba mtambo mzito begani, wala hana ruhusa ya kutetemeka. Huchagua pa kusimama kwa kufuata jua, kwani nuru ya asubuhi huonyesha sura vizuri, lakini ya adhuhuri hutia macho kivuli. Tena yampasa kujua wakati wa kuituliza kamera, ili mtazamaji apate kuona sawasawa.

Mwezi wa Oktoba 1984, Bwana Amin alifika Korem, Ethiopia, pamoja na Bwana Michael Buerk wa BBC. Huko maelfu ya watu walikuwa wakiteseka kwa njaa, na wengi wakifa. Picha hizo zilionyeshwa Uingereza tarehe 23 Oktoba, kisha zikaenea duniani. Watu waliguswa, wakatoa fedha na chakula.

Wengine huuliza: mtu akiona mwenzake anakufa, yafaa ashike kamera? Swali hili ni la haki. Lakini Bwana Amin hakuwa na mkate wa kuwatosha maelfu wale. Alichokuwa nacho ni kamera, na kwayo chakula kilipatikana.

Kazi hiyo ilimgharimu. Mwaka 1991 ghala la silaha lililipuka Addis Ababa. Mwenzake, Bwana John Mathai, mnasa sauti, akafa, naye Bwana Amin akapoteza mkono wa kushoto. Akarudi kazini na mkono wa bandia. Tarehe 23 Novemba 1996 alikufa katika ndege iliyotekwa nyara na kuanguka baharini karibu na Ngazija.

Basi wazazi, mtoto akiitaka kazi hii msimcheke. Ila mwelezeni mapema gharama yake.