Rangi ya mkanda isikudanganye, linda kichwa cha mwanao

UKIPITA mtaani Kahawa Sukari Jumamosi asubuhi, kabla jua halijawa kali, huenda ukakutana na watoto waliovalia mavazi meupe wakielekea mazoezini. Mmoja amejifunga mkanda wa manjano, mwenzake wa kijani, na mdogo wao bado ana mweupe. Muulize huyo mdogo anataka nini, naye atakujibu bila kusita: mkanda mweusi, tena upesi.

Pengine mtoto huyo ni wako. Umelipa ada, umemnunulia vazi, na kila baada ya miezi michache unaletewa habari za mtihani wa mkanda mwingine. Je, umewahi kujiuliza rangi hizo zinakuambia nini kuhusu usalama wake?

Si vibaya mtoto kujifunza judo, karate au taekwondo. Shirika la Afya Duniani (WHO) linashauri watoto wa miaka 5 hadi 17 wapate wastani wa dakika 60 za mazoezi kila siku, na michezo hii hujenga misuli, pumzi na nidhamu. Wengine hata hufika mbali. Faith Ogallo aliiwakilisha Kenya katika taekwondo kwenye Olimpiki ya Tokyo iliyofanyika 2021, naye Andrew Thomas Mlugu akaiwakilisha Tanzania katika judo mjini Rio mwaka wa 2016.

Hatari huanza pale mkanda unapokimbizwa kuliko mwili.

Rangi zilikotoka

Judo ilianzishwa mjini Tokyo mwaka wa 1882 na Kano Jigoro, mwalimu wa shule. Ngazi za juu, ziitwazo dan, alizichukua kutoka kwa Go, mchezo wa kete za ubao, na mwaka wa 1883 akawapandisha wanafunzi wake wawili wa kwanza. Mkanda mweusi ulifuata baadaye. Katika karate, Gichin Funakoshi alitoa mikanda myeusi ya kwanza mwaka wa 1924.

Rangi za katikati zilishika mizizi Ulaya. Mjini Paris katika miaka ya 1930, mwalimu Mikinosuke Kawaishi aliwapangia wanafunzi wake mfululizo wa rangi: mweupe, manjano, chungwa, kijani, buluu na kahawia, kisha mweusi. Mwanafunzi alipata hatua fupi fupi za kumtia moyo, na mwalimu akajua kwa kutupa jicho tu ni nani aliye tayari kutupwa chini na nani bado.

Hiyo ndiyo kazi kubwa ya mkanda. Ni alama ya kumwonya mwenzako kwamba huyu bado hajui kuanguka, mshike taratibu.

Usidhani pia kwamba rangi moja ina maana moja kila mahali. Buluu katika jujitsu ya Brazil ni ngazi ya kwanza ya mtu mzima baada ya mweupe, lakini katika taekwondo ni ngazi ya katikati. Katika judo, mkanda mwekundu huvaliwa na wakongwe wa dan ya 9 na ya 10, ilhali katika taekwondo mwekundu hutangulia mweusi.

Mtoto na mkanda mweusi

Michezo mingine imeweka umri wazi. Katika taekwondo, mtoto wa chini ya miaka 15 aliyefuzu hupewa ngazi iitwayo poom, yenye mkanda wa nusu nyekundu na nusu nyeusi. Katika mashindano makuu ya jujitsu ya Brazil, mkanda mweusi haupatikani kabla ya miaka 19.

Kwa hivyo ukiahidiwa kwamba mwanao wa miaka minane atakuwa na mkanda mweusi kamili baada ya mwaka mmoja, shtuka. Mkanda unaweza kununuliwa dukani, lakini shingo iliyokomaa hainunuliwi.

Kichwa ndicho cha kuchungwa

Japan, nyumbani kwa judo, ilijifunza kwa uchungu. Kuanzia 1983 hadi 2011, zaidi ya wanafunzi 100 walikufa kutokana na judo shuleni. Wengi waliumia kichwani, na wanaoanza ndio waliokuwa hatarini zaidi.

Kichwa si lazima kigonge sakafu. Mtoto akitupwa kwa nguvu, ubongo husukwasukwa ndani ya fuvu na mishipa midogo ya damu inaweza kukatika. Damu huvuja polepole na kuubana ubongo. Ndiyo maana mtoto anaweza kuinuka, akacheka na wenzake, kisha akazidiwa saa kadhaa baadaye akiwa nyumbani.

Kwa sababu hiyo, somo la kwanza katika judo ni kuanguka: kukaza shingo, kuleta kidevu kifuani na kupiga mkeka kwa mkono. Mtoto asiyeweza kuanguka vizuri hafai kutupwa, hata kama mkanda wake si mweupe tena.

Mwanao akigongwa au akitupwa vibaya, mtoe mazoezini siku hiyo hiyo, hata akisema amepona. Mpeleke hospitali bila kuchelewa ukiona dalili hizi:

• Maumivu ya kichwa yanayozidi.
• Kutapika tena na tena.
• Kuchanganyikiwa au kusahau yaliyotokea.
• Usingizi usio wa kawaida, au kuwa mgumu kuamka.
• Mboni ya jicho moja kuwa kubwa kuliko ya lingine.
• Degedege, au mkono au mguu kulegea.

Asirudi mkekani mpaka daktari aseme, na arudi hatua kwa hatua. Pigo la pili kabla ubongo haujapona linaweza kuua.

Uzito na usafi

Usikubali mtoto anyimwe chakula au maji ili apungue uzito kabla ya mashindano. Mwaka wa 2022, chama cha judo cha Japan kilitangaza kufuta mashindano ya kitaifa ya watoto wa shule za msingi, sababu mojawapo ikiwa watoto wadogo kulazimishwa kupunguza uzito.

Kuna pia hadithi kwamba mkanda haufai kufuliwa, eti mweusi ulitokana na mweupe uliokolea uchafu. Ni ngano tu. Fua vazi pamoja na mkanda, kwa maana choa na mashilingi huenea kwa kugusana ngozi na kwa nguo zenye jasho. Mtoto mwenye vipele akae nje mpaka atibiwe.

Maswali ya kuuliza

Kabla ya kulipa ada, nenda ukatazame kipindi kimoja kizima. Muulize mwalimu: Alipata ngazi yake wapi, na chama gani kinamtambua? Wanafunzi wapya hufundishwa kuanguka kwa muda gani? Mikeka ni minene na imeshikana, au wanatupana juu ya saruji? Watoto hupangwa kwa umri na uzito, au kila mtu na yeyote? Akiumia mtoto, nani anajua huduma ya kwanza na gari liko wapi?

Mwalimu mwema hatakasirika. Atafurahi kuona mzazi anayejali.

Na jioni mwanao akirudi nyumbani, usimuulize kwanza ni lini atapata mkanda mwingine. Mwambie akuonyeshe anavyoanguka.