Je, Wajua? Siala na Msafiri wa Miti ya Peru

Je, wajua kwamba siala, mti unaouona katika kila boma kuanzia Kendu Bay hadi Rongo, una jina la mtu ambaye hakuwahi kukanyaga ukingo wa Ziwa Victoria? Wataalamu wa mimea huuita *Markhamia lutea*. Markham mwenyewe ni Clements Robert Markham, Mwingereza aliyezaliwa Julai 1830 katika jimbo la Yorkshire. Aliingia katika vitabu vya mimea kwa kazi moja kubwa: alitumwa Peru kuleta mti wa kutibu malaria.

Tumeuzoea siala hata hatuutazami. Chuma ua moja la manjano ulichungulie ndani: utaona michirizi ya rangi ya damu ya mzee ikishuka kooni. Maua yakipukutika, mti huning'iniza maganda membamba, marefu kuliko mkono wa mtoto. Yakikauka hupasuka, mbegu zenye mabawa mepesi zikachukuliwa na upepo. Ukiukata huchipua tena kutoka kwenye kisiki, na ndiyo maana watu wa Ndhiwa na Uriri hupata humo nguzo za nyumba, mipini ya majembe na miti ya kuegemeza migomba pasipo kulazimika kuupanda upya.

Je, wajua kwamba aliyebuni jina la Markhamia, Mjerumani Berthold Seemann, naye alikuwa msafiri wa kukusanya mimea? Alizunguka bahari kwa meli iitwayo Herald, na mwaka 1871 akafa kwa homa huko Nikaragua.

Je, wajua kwamba Markham alianza kazi baharini akiwa bado mvulana? Alijiunga na jeshi la wanamaji mwaka 1844. Mwaka 1850 alikuwa kwenye barafu za Aktiki, katika msafara wa kumtafuta nahodha John Franklin aliyepotea. Miaka miwili baadaye alikwenda Peru kutazama magofu ya Wainka, akajifunza na lugha ya Kikechua. Safari hiyo ndiyo iliyomfanya achaguliwe baadaye.

Je, wajua kwamba kwinini, dawa ya malaria, hutoka kwenye gome la mti? Mti wenyewe huota kwenye miteremko ya milima ya Andes. Wakemia wawili wa Paris, Pelletier na Caventou, waliitenga dawa hiyo mwaka 1820, na kwa muda mrefu aliyetaka gome hilo hakuwa na budi kulinunua Amerika Kusini. Uingereza ilitaka miti yake yenyewe ikue India, nayo Peru haikuwa tayari kuona utajiri wake ukiondoka ukiwa mche mkononi mwa mgeni.

Basi mwaka 1860 Markham akaingia kwenye misitu ya bonde la Tambopata, pamoja na mtunza bustani aitwaye Weir. Walikusanya miche kwa mamia. Habari zikawatangulia: wakuu wa eneo hilo wakaagiza Markham azuiwe na miche ing'olewe mikononi mwake. Akamtuma Weir kwa njia inayojulikana, yeye akakata milima kwa nyumbu, akifuata dira, huku baridi ya usiku ikitishia kuiua mimea iliyofungwa kwenye mikeka. Alipofika bandari ya Islay, forodha ikakataa kumpitisha mpaka amri ilipotoka Lima. Hatimaye miche ikapakiwa kwenye makasha ya kioo, ikapita Panama, Southampton na Suez, ikaingia katika joto la Bahari ya Shamu.

Je, wajua miche hiyo iliishia wapi? Ilikufa yote.

Iliyomea India ilitoka Ekuador. Huko Richard Spruce, mtaalamu wa mimea aliyekuwa mgonjwa kiasi cha kushindwa kutembea vizuri, alikusanya mbegu zipatazo 100,000 chini ya mlima Chimborazo. Mwenzake Robert Cross akaisafirisha miche ikiwa hai. Hata hivyo, sifa kubwa ilimwendea Markham.

Je, wajua kuhusu Manuel Incra Mamani? Ningependa kila mwanafunzi wa Migori alijue jina hili kabla ya lile la Markham. Mamani alikuwa mwenyeji wa asili wa Bolivia, mtumishi wa mfanyabiashara Mwingereza Charles Ledger, na aliijua miti ya kwinini kwa kuitazama tu. Kwa miaka kadhaa baridi iliharibu mbegu kabla hazijakomaa, naye akangoja. Mwaka 1865 alimletea bwana wake mbegu za mti wenye dawa nyingi kupita yote iliyojulikana. Waingereza hawakuzitaka. Waholanzi walinunua kiasi kidogo, wakazipanda Java, na kisiwa hicho kikaja kulisha karibu dunia nzima kwinini. Mti ukapewa jina la Ledger. Mamani alikamatwa kwao, akafungwa, akapigwa, akafa mwaka 1871. Huo ni udhalimu, na historia ya mimea imejaa watu wa aina yake.

Je, wajua kwamba mti huo ulifika hata kwa majirani zetu? Wajerumani waliujaribu Amani, milima ya Usambara. Wabelgiji waliupanda Kivu, na kwa miongo mingi kiwanda cha Pharmakina mjini Bukavu kimekuwa kikitengeneza kwinini kwa magome ya huko.

Je, wajua kwamba mwaka 1868 Markham alikuwa Ethiopia pamoja na jeshi la Uingereza, na katika jeshi hilohilo alikuwemo James Augustus Grant? Grant ndiye yule aliyetembea na Speke kutoka Bagamoyo hadi Gondokoro kati ya 1860 na 1863, msafara ukiongozwa na Sidi Mubarak Bombay. Vidonda vya mguu vilimlaza Karagwe kwa miezi, kwa mfalme Rumanika. Walipita magharibi mwa ziwa, kwa hiyo Homa Bay na Migori hawakuziona kabisa. Lakini Grant alifanya jambo la heshima: taarifa ya mimea yake iliyochapishwa London miaka ya 1870 ina orodha ya majina ya Kiafrika ya mimea hiyo. Swala granti amepewa jina lake.

Je, wajua kwamba katika vitabu vikuu vya mimea ya Afrika Mashariki, mmea wowote uliochumwa Homa Bay au Migori huandikwa K5? Ndiyo alama ya eneo letu, Nyanza na jirani zake. Kazi ya vitabu hivyo ilianza kuchapishwa mwaka 1952 ikakamilika 2012, ikiwa na zaidi ya aina 12,000 za mimea.

Mmoja wa walioiandika ni Profesa John Kokwaro wa Chuo Kikuu cha Nairobi. Mwaka 1972 alitoa kamusi ya majina ya mimea ya Kijaluo na Kiingereza, na mwaka 1976 kitabu cha mimea ya dawa ya Afrika Mashariki. Siala, ober, yago, ochuoga, chwaa, dek: majina waliyoyatunza bibi zetu yamewekwa kwenye maandishi yasipotee. Kwangu mimi, kazi hiyo inaipita safari ya Markham.

Je, wajua alivyokufa Markham? Mwishoni mwa Januari 1916 alikuwa akisoma kitandani kwa mshumaa, matandiko yakashika moto. Alikuwa na miaka 85.

Na je, wajua kwamba chanjo ya malaria ilizinduliwa Kenya mwezi Septemba 2019 katika kaunti ya Homa Bay? Ndani ya chanjo hiyo, RTS,S, mna kiungo cha kuamsha kinga ya mwili kinachotokana na gome la mti wa Chile uitwao *Quillaja saponaria*. Kwa mara nyingine gome la Amerika Kusini limevuka bahari kupambana na homa ya ziwa letu. Dozi ni nne, na ya kwanza hutolewa mtoto akiwa na miezi 6. Mzazi mwenzangu, kagua kitabu cha kliniki cha mwanao leo, na ile ya nne usiiache.