Jadi na Maendeleo Kijijini: Funzo la Mchezo wa Televisheni wa Nijeria

Sanaa haielei hewani. Huchipuka katika maisha ya jamii, kisha hurudi kuyamulika. Kwa msingi huo tunauchambua mchezo wa The Village Headmaster, yaani Mwalimu Mkuu wa Kijiji, uliobuniwa na Segun Olusola na kuonyeshwa katika televisheni ya Nijeria kuanzia 1968 hadi 1988.

Mchezo ulianza wakati nchi hiyo imo katika vita vya wenyewe kwa wenyewe (1967-1970). Oja, kijiji chake cha kubuni, kimo katika nchi ya Wayoruba, lakini wakazi wake ni wa makabila mbalimbali, na Kiingereza chao huchanganyika na pijini, lugha ya sokoni. Upande mmoja yupo Kabiyesi, yaani mfalme, na baraza lake la machifu. Upande wa pili yupo mwalimu mkuu mwenye elimu ya shule.

Wapo watakaosema: jadi ni giza, shule ni nuru, basi jadi ifutwe. Fikra hiyo ni ya juujuu. Mabaraza ya wazee yaligawa ardhi na kusuluhisha magomvi kabla ya shule kujengwa. Shule ya kikoloni nayo ilifundisha kusoma, lakini pia ilizaa kasumba ya kumdharau mkulima. Ndani ya jadi mna ushirikiano, na mna utawala wa kurithi usiohojiwa. Ndani ya usasa mna sayansi, na mna ubinafsi. Kwa hiyo mgongano wa msingi si kati ya kale na sasa, bali ni kati ya kinachomkomboa mnyonge na kinachomkandamiza.

Umma uliupokea mchezo huo kama wake. Jina la Amebo, mhusika mpenda umbeya, limekuwa neno la kila siku nchini Nijeria lenye maana ya mmbeya. Hotuba chache hupata ushindi wa namna hiyo.

Hata hivyo, katika miaka hiyo televisheni ilikuwa hasa ya watu wa mijini wenye umeme. Mwanakijiji alizungumzwa zaidi kuliko alivyotazama.

Hapo ndipo wajibu wa kada unapoanza. Akiingia kijijini asiulize nani ni wa kale na nani ni wa kisasa. Aulize: ardhi iko mikononi mwa nani? Nani anaamua, na nani hasikilizwi? Maendeleo yasiyojibu maswali hayo yatabadili nguo za mtawala tu. Mtawaliwa atabaki palepale.