Milimita Mbili Ndani ya Nyonga

Goti ndilo linalogonga, nyonga ndiyo inayovunjika. Abiria wa kiti cha mbele amekaa miguu imekunjwa, gari linagonga, goti linapiga dashibodi, na kishindo chote kinapanda na mfupa wa paja hadi kwenye kichwa chake cha mviringo. Kichwa hicho kinasukumwa kwa nyuma na kuubomoa ukuta wa tundu kinamokaa. Dereva wa bodaboda anayelivaa gari kwa goti anaweza kuumia vivyo hivyo. Kidonda cha gotini kinavuta macho ya wote, kinasafishwa na kushonwa, ilhali jeraha kubwa limejificha chini ya nyama ya makalio.

Warumi walikuwa na kikombe kidogo cha siki walichokiita acetabulum, na wataalamu wa mwili wakalipa tundu la nyonga jina hilo kwa sababu ya umbo lake. Kikombe hiki hakikufinyangwa kwa mfupa mmoja. Mifupa mitatu hukutana humo, na kwa mtoto mipaka yake ni gegedu lenye umbo la herufi Y, ambalo hugeuka mfupa mtu anapobalehe. Ndani kimetandikwa gegedu laini linaloteleza. Mtu wa kilo 60 anapotembea, kila hatua hukilemea kikombe hicho kwa zaidi ya kilo 120, kwani misuli ya nyonga nayo huvuta ili kiwiliwili kisielemee upande.

Ndiyo maana jeraha hili halifanani na kuvunjika muundi au mkono. Muundi ulioungana umepinda kidogo unaweza kumfikisha mtu uzeeni. Mfupa wa nyonga una damu nyingi, nao utaungana tu, hata ukiachwa. Swali ni kama kikombe kitarudi kuwa mviringo. Kikibaki na kidato cha milimita chache tu, kichwa cha paja hukwangua gegedu lake hapo kila mguu unapotua, na miaka michache baadaye mgonjwa aliyeambiwa amepona anaanza kuchechemea tena.

Hadi miaka ya 1950 wagonjwa wengi wa aina hii walilazwa wiki nyingi, mguu ukivutwa kwa uzito unaoning'inia mwisho wa kitanda. Wachache walifanyiwa upasuaji, kwa kuwa mahali penyewe palitisha: tundu liko ndani sana, limezungukwa na mishipa mikubwa ya damu na neva, na picha ya eksirei ilionyesha mistari iliyopandana isiyosomeka. Waliolifungua fumbo hilo ni madaktari wawili wa Ufaransa, Robert Judet na mwanafunzi wake Émile Letournel. Letournel alizaliwa mwaka 1927 katika visiwa vya Saint-Pierre na Miquelon, karibu na pwani ya Kanada, akafanya kazi yake Paris. Alikaa na mifupa mikavu na picha za eksirei, akilinganisha mstari mmoja mmoja wa pichani na ukingo wa mfupa halisi, mpaka akajua kila mstari unatoka wapi.

Mwaka 1964 wakachapisha walichokiona. Tundu la nyonga, walisema, linashikiliwa na nguzo mbili, ya mbele na ya nyuma, zilizoegemeana kama Y iliyopinduliwa. Wakagawa mivunjiko yake katika aina 10, tano sahili na tano changamano, na kuonyesha mpasuaji aingilie upande gani kwa kila aina. Mgawanyo huo unatumika hadi leo.

Walichoacha pia ni namna ya kupiga picha. Mbali na picha ya kawaida ya mbele, mwili wa mgonjwa huinuliwa nyuzi 45 upande mmoja, kisha upande wa pili. Siku hizi mashine ya CT huonyesha kila kipande, na kompyuta hulijenga tundu zima kwenye skrini. Hata hivyo hospitali ya wilaya yenye mashine ya eksirei pekee ina njia ya kulibaini jeraha hili mapema: ni picha mbili za ziada, na mtu anayejua kumlaza mgonjwa.

Si kila aliyevunjika hupasuliwa. Vipande vikiwa vimeachana chini ya milimita mbili na kichwa cha paja kimetulia katikati, magongo na subira hutosha. Vikizidi hapo, hasa kwenye dari la kikombe linalobeba uzito, huwekewa vyuma: bamba lililopindwa kufuata mviringo wa mfupa, na skrubu ambazo hazitakiwi kutokeza ndani ya kiungo. Mmarekani Joel Matta, aliyejifunza kwa Letournel, alitoa mwaka 1996 matokeo ya nyonga 262 alizozipasua ndani ya wiki tatu za ajali. Asilimia 76 zilikuwa nzuri au nzuri sana, na kipimo chake cha kazi safi kilikuwa pengo lisilozidi milimita moja.

Saa zinazohesabiwa hapa ni mbili, na haziendi mwendo mmoja. Ya kwanza ni ya haraka. Nyonga ikiteguka kwenda nyuma, mguu huonekana mfupi, umekunjwa na kugeukia ndani. Irudishwe ndani ya saa sita, mgonjwa akiwa amelazwa kwa dawa ya usingizi, maana kichwa cha paja kikikosa damu muda mrefu hufa na kubonyea. Saa ya pili ni ya siku. Kwa kawaida wapasuaji husubiri siku kadhaa damu itulie, lakini wiki tatu zikipita mfupa mpya unakuwa umejaza mapengo na vipande havikubali tena kurudi mahali pake. Wiki hizo ndizo zinazopotea nyumbani kwa kuchuliwa.

Waunga mifupa wa jadi wamerudisha mikono mingi, na watu wanawaamini kwa haki. Mkono hupapaswa, tundu la nyonga halifikiwi na kidole. Nyuma yake inapita neva kubwa ya mguu, na mgonjwa asiyeweza kuinua wayo, ambaye kandambili inamponyoka bila yeye kujua, huenda neva hiyo imeguswa. Kuchua hapo ni hatari. Mtu wa namna hiyo apelekwe palipo na wapasuaji wa mifupa. Kwa Tanzania, Taasisi ya Mifupa Muhimbili, MOI, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 1996, ni mojawapo ya mahali hapo.

Kwa mzee habari hubadilika kidogo. Yeye huvunjika kwa kuteleza tu sebuleni, mfupa wake ni mwepesi, skrubu hazishiki vizuri, na wakati mwingine daktari huona afadhali kumpa nyonga bandia tangu mwanzo.

Baada ya vyuma hubaki kazi ambayo familia haikuitegemea. Kwa wiki 8 hadi 12 mguu hugusa chini kidogo tu, na aliyejengewa ukuta wa nyuma hukatazwa kuikunja nyonga kupita nyuzi 90. Nyumba nyingi za kwetu, tazama, zimejengwa kwa maisha ya chini: choo cha kuchuchumaa, mkeka, kigoda cha jikoni, mbuzi ya kukunia nazi. Swala huswaliwa kwenye kiti. Kwa choo, wengi hununua kiti cha plastiki, wakakikata tundu katikati na kukisimamisha juu ya shimo, wakijaribu kwanza kama miguu yake haitelezi kwenye maji. Kinabaki hapo hadi picha ya eksirei ionyeshe kwamba ukuta umeshika.