Damu Isiyokoma Katika Choo

Mkazi wa Singida aharaye damu huenda akadhani kwanza ni amiba. Humeza metronidazoli, akarudi kazini. Lakini damu ikidumu majuma kadhaa, hapana budi kuuliza upya: je, ni kichocho cha tumbo, kifua kikuu cha matumbo, au uvimbe sugu wa utumbo, usioletwa na mdudu yeyote ajulikanaye?

Kupambanua ndiko kwenye kazi. Predinisoloni hutuliza uvimbe sugu. Akipewa mwenye amiba, utumbo waweza kutoboka. Kwa hiyo choo kipimwe kwanza, kisha daktari achungulie utumbo kwa mpira wenye taa na kukata kinyama cha kupima, hata ikibidi kusafiri hadi Dodoma.

Liko lisilongoja safari. Tumbo likijaa na kukaza ghafla, homa ikapanda, moyo ukaenda mbio, kuhara huenda kukapungua. Jamaa hufurahi hapo, na ndipo pa kuogopa. Picha ya eksirei ikionyesha utumbo mpana umetanuka kupita sentimita 6, mgonjwa alazwe, atiwe maji mshipani, na daktari mpasuaji aitwe mapema. Asipopata nafuu katika siku 2 au 3, utumbo huo hukatwa.