Kaburi Lisibebe Kazi ya Hati

Katika vijiji vinavyouzunguka Keroka, mji ulio mpakani mwa kaunti za Kisii na Nyamira, wafu huzikwa nyumbani kwao, kati ya migomba na majani chai. Kwa desturi ya Abagusii, mume hulazwa upande wa kulia wa nyumba na mke upande wa kushoto, na anayefia Nairobi hurudishwa kwao hata jamaa wakilazimika kukopa. Wapo wanaosema chanzo ni kuwaogopa ebirecha, mizimu ya mababu. Hofu hiyo ilikuwepo, lakini Wakatoliki na Waadventista wamehubiri Gusii zaidi ya karne moja na desturi haijatikisika. Kinachoishikilia ni ardhi. Kaburi hushuhudia kwamba aliyelala hapo alikuwa mwenye haki, na watoto wake ni wa hapo. Ndiyo maana ugomvi wa mahali pa kumzika mtu mara nyingi huwa ni ugomvi wa urithi. Hata Wamaya wa kale, mbali kule Amerika ya Kati, waliwazika wazee wao chini ya sakafu za nyumba, na wapo wanaakiolojia wanaoona humo madai ya shamba.

Wengine watasema mashamba yamegawanywa hadi yakabaki vipande, hivyo makaburi ya saruji na vigae yahamishiwe kwenye makaburi ya umma. Hoja hiyo ina uzito, ila inamsahau mjane. Sheria ya Urithi, iliyoanza kutumika mwaka 1981, inamtambua yeye na binti zake, lakini viwanja vingi bado vimeandikwa jina la babu aliyekufa zamani. Ukiliondoa kaburi kabla ya kurekebisha hati, umemnyang'anya mnyonge shahidi wake. Wengine nao watahofu kwamba bila kaburi uani marehemu atasahauliwa. Abagusii wana jibu la tangu jadi: mtoto hupewa jina la jamaa aliyefariki, nalo huitwa kila siku shuleni, sokoni na mezani. Jina halihitaji ekari. Basi koo zianze kwa kuandikisha ardhi kwa majina ya walio hai, wake na binti wakiwemo. Haki ikishalindwa na hati, kila familia itaamua mahali pa kuzika kwa mapenzi yake kwa marehemu, bila kuhofia kupoteza shamba.