Nyenje peke yao hawamtoshi mjusi wa kufugwa

MIJUSI kafiri wenye madoa kama ya chui, ambao asili yao ni Afghanistan, Pakistan na India, hufugwa majumbani hususan Marekani na Ulaya. Chakula chao ni wadudu. Matunda na mboga hayawafai.

Hata hivyo, nyenje wana fosforasi nyingi kuliko kalsiamu. Mjusi anayelishwa nyenje peke yao hushiba, lakini mifupa yake hulegea na miguu kupinda mithili ya matege.

Ili kuepusha madhara hayo, nyenje hulishwa vizuri kwanza, kisha hunyunyiziwa unga wa kalsiamu na vitamini D3. Mdudu asizidi upana wa nafasi iliyo kati ya macho ya mjusi. Vimulimuli ni mwiko, kwani sumu yao imewahi kuua mijusi wanaofugwa.